Mgonjwa aliyejifunza kwa barua



Wengi wetu tumewahi kuona sinema. Tunawajua wachezaji. Lakini maneno wanayosema, nani kayaandika? Kabla ya picha kupigwa, yuko mtu anayeandika hadithi yote: nani aingie, aseme nini, afanye nini. Leo nawapa habari za mwandishi mmoja wa namna hiyo, Shinobu Hashimoto wa Japani.

Alizaliwa mwaka 1918. Mwaka 1938 aliingia jeshini, akapatwa na kifua kikuu. Akalazwa miaka minne. Huko mgonjwa mwenzake alimwazima gazeti la sinema. Ndani yake mlikuwa na mchezo mmoja. Akausoma, akaona: kumbe hata mimi naweza! Akauliza, nani mwandishi hodari kuliko wote Japani? Akaambiwa ni Mansaku Itami.

Basi akaandika mchezo wake, akampelekea Itami mwenyewe. Itami akausoma, akamjibu na kumwonyesha makosa. Hivyo ndivyo mgonjwa alivyopata mwalimu.

Baadaye Hashimoto alikuwa karani wa hesabu. Wakati wa kuandika hakuwa nao. Akaandika ndani ya treni, akienda na kurudi kazini.

Mwaka 1950, vita vikiwa vimekwisha, mchezo wake ulitengenezwa sinema na Akira Kurosawa. Sinema hiyo, Rashomon, ilipata tuzo kubwa huko Venice, Italia, mwaka 1951.

Mwaka 1952 ikatoka Ikiru, aliyoiandika pamoja na Kurosawa na Hideo Oguni. Humo akina mama wanalalamika juu ya maji machafu mtaani kwao. Wanazungushwa ofisi hii hadi ile. Mwishowe mkuu mmoja wa ofisi, mgonjwa wa kansa ya tumbo, anasimama imara hadi pale panajengwa uwanja wa watoto. Jambo hilo si geni kwetu, au siyo?

Hashimoto alifariki mwaka 2018, na umri wa miaka 100.

Ndugu zangu, wengine wetu tunaficha daftari. Tunaogopa kuchekwa. Barua ya kueleza ubovu wa kisima haiandikwi, na kisima kinabaki kibovu. Hebu andika. Kisha mpe anayejua zaidi akusahihishe. Kusahihishwa si aibu. Kuuliza si ujinga.

Maswali ya kuzungumza:
1. Hashimoto alimpataje mwalimu?
2. Kijijini kwetu kuna shida gani ya kuandikiwa barua? Nani ataiandika?