Mkuu wa Waokoaji

Leo na tuitazame kazi ya mtu anayewaongoza waokoaji, tujifunze uongozi kwake.

Wengi hudhani kwamba mkuu wa waokoaji ni yule shujaa anayejitosa wa kwanza. Sivyo. Mkuu ni yule anayejua ni wangapi wamejitosa, wala haondoki mpaka wote wamerudi. Kazi yake ni kuhesabu watu.

Jumapili tarehe 29 Septemba 2019, gari liliteleza kutoka katika feri pale Likoni, likazama pamoja na mama na binti yake mdogo. Lilitolewa tarehe 11 Oktoba, kutoka kina cha mita 58 hivi. Siku hizo zote watu walilia na kulalamika kwamba kazi inakawia, na uchungu wao ulikuwa wa haki. Lakini bahari ina sheria zake. Katika kina kama kile mzamiaji hukaa muda mfupi tu, na akipanda kwa haraka, hewa iliyoingia mwilini hufanya mapovu katika damu, naye aweza kupooza au kufa. Basi mkuu wa wazamiaji hana budi kuwaambia wafiwa, "Ngojeni." Kulisema neno hilo ni kugumu kuliko kujitosa. Wahenga walisema, mchelea mwana kulia hulia yeye. Mkuu anayeogopa kelele za watu atawapeleka vijana wake kufa, na msiba mmoja utakuwa misiba miwili.

Katika Matendo ya Mitume, sura ya 27, Paulo alikuwa mfungwa melini, hana cheo chochote. Lakini mabaharia walipotaka kutoroka kwa mashua, ndiye aliyeng'amua akasema. Wenzake walipokata tamaa, alimshukuru Mungu na kula mkate mbele yao, nao wakapata moyo. Luka anatupa hesabu yao: watu 276. Wajuao kuogelea walitangulia, wengine wakashika mbao, na wote wakafika nchi kavu. Sisi wa Mombasa twajua uzito wa hesabu kama hiyo, kwa maana feri ya Mtongwe ilipopinduka tarehe 29 Aprili 1994, tulipoteza watu 272.

Ndugu zetu, hapo Mwakirunge pana jaa la takataka za mji, na wako wanaotafuta riziki humo. Moto ukishika jaani huenda chini kwa chini. Juu huonekana umezimika, kumbe ndani ni makaa. Siku hiyo, kabla gari la zimamoto halijafika, ni nani atakayewazuia vijana wasikimbilie juu ya makaa? Ni nani atakayeuliza, "Fulani yuko wapi? Nani amemwona?" Huenda akawa mzee wa kanisa, au mama asiye na cheo, kama Paulo alivyokuwa hana.

Nasi tulio viongozi kanisani, tujiulize. Kila Jumapili tunahesabu sadaka kwa uangalifu, hata senti haipotei. Je, tunawahesabu watu? Tunajua ni nani hajaonekana mwezi huu, na ni mlango gani haujabishwa hodi? Mchungaji katika mfano wa Bwana alijua kwamba mmoja hayupo kwa sababu alikuwa amewahesabu wote mia. Asiyehesabu hawezi kutafuta.

Na tuombe. Ee Bwana, uwalinde waokoaji wetu wa baharini na wa nchi kavu. Uwape wakuu wao moyo wa kungoja panapofaa kungoja, na wa kwenda panapofaa kwenda. Utufundishe nasi kuwahesabu watu wako, asipotee hata mmoja. Kwa Yesu Kristo Bwana wetu. Amina.