Breka Inapojizima, Isinyamazishwe
Hotuba kwa wakazi wa Njiru kuhusu kisanduku cha kugawa stima nyumbani



Kando ya Barabara ya Kangundo, kutoka Saika hadi Ruai, nyumba za kupangisha zinaongezeka kila mwaka. Matumizi ya stima nayo yamebadilika. Chumba kilichowekewa waya kwa ajili ya balbu mbili na redio sasa kina friji, pasi, birika la stima, jiko la koili na shawa ya maji moto. Mara nyingine kisanduku cha stima kwenye ukuta wa sebule ni kile kile cha zamani, na hapo ndipo hatari inapoanzia.

Stima ya nyumbani hapa Kenya ni ya volti 240. Ikitoka kwenye mita inaingia katika kisanduku. Ndani yake mna swichi kuu ya kuzima nyumba nzima, na breka kadhaa, kila moja na njia yake: taa, soketi, jiko, shawa. Wengi hudhani kazi ya breka ni kulinda runinga au friji. Kazi yake ya kwanza ni kulinda waya uliofichwa ukutani usipate moto.

Kuna jambo linalojulikana katika ploti nyingi. Mpangaji analeta shawa ya maji moto, anaiunganisha kwenye njia ya soketi. Kila asubuhi breka inajizima. Keateka anachoka kupanda ngazi, anaitwa fundi wa haraka. Fundi anatoa breka ya ampea 20 na kuweka ya ampea 40. Breka haijizimi tena, na kila mtu anafurahi.

Lakini waya ukutani ni ule ule wa milimita mraba 2.5. Shawa ya wati 5,500 inavuta karibu ampea 23. Birika la wati 2,000 likiwashwa kwenye njia hiyo hiyo, jumla inafika ampea 31. Breka ya 20 ingekata. Ile ya 40 inaona kila kitu ni sawa. Waya unapata joto siku baada ya siku, plastiki yake inalainika, na siku moja moto unaanza ndani ya ukuta au juu ya dari, pengine watoto wakiwa wamelala. Fundi yule hakuponya ugonjwa, alimnyamazisha mgonjwa.

Breka ikijizima mara moja, mkazi apunguze vyombo vilivyowashwa kisha airudishe. Ikijizima tena, aiache hivyo na amwite fundi mwenye leseni. Shawa ya maji moto inahitaji njia yake peke yake kutoka kisandukuni, kwa kawaida waya wa milimita mraba 6 na breka ya ampea 32, baada ya fundi kukagua ukubwa wa shawa na umbali wa waya. Ekstensheni ya plagi ya kawaida mwisho wake ni ampea 13, yaani takriban wati 3,100. Jiko la koili na birika kwa pamoja huweza kuvuka kiwango hicho.

Kuna ulinzi wa pili ambao breka ya kawaida haiwezi kuutoa. Stima inayoweza kumuua mtu ni chini ya ampea moja. Breka ya ampea 20 haitaihisi hata kidogo. Anayelinda mwili wa mtu ni kifaa kinachoitwa RCD. Hukata stima inapovuja, na cha nyumbani huwa cha miliampea 30. Kina kitufe chenye herufi T. Kitufe hicho kibonyezwe kila baada ya miezi mitatu. Stima isipokatika, kifaa hicho kibadilishwe. Nyumba yenye shawa ya maji moto isikose RCD, wala waya wa athi usikatwe kwa sababu yoyote.

Anayenunua kisanduku asitazame bei pekee. Kiwe na alama ya ubora ya KEBS, breka zake ziingie bila kulegea, na kuwe na nafasi mbili au tatu za ziada kwa matumizi ya baadaye. Kiwekwe mahali pakavu, ambapo mtu mzima anafikia bila kupanda kiti. Kisiwekwe bafuni, juu ya jiko, wala ndani ya kabati la nguo. Kikiwa nje au kwenye ngazi iliyo wazi, kiwe cha aina inayozuia mvua na vumbi. Kila breka iandikwe inazima nini.

Utunzaji wake si mgumu. Mkazi atumie macho, pua na masikio: rangi iliyobadilika kuwa kahawia, harufu ya plastiki inayoungua, mlio kama wa kukaanga, au kifuniko chenye joto. Akiona lolote kati ya hayo, azime swichi kuu na aite fundi. Kifuniko kisifunguliwe na asiye fundi, na mikono yenye maji isikiguse. Skurubu za waya hulegea kadiri miaka inavyopita. Ni vyema fundi azikaze na kupima athi kila mpangaji anapohama.

Ni jukumu la nani? Kenya Power hushughulikia stima hadi kwenye mita. Kuanzia hapo, nyaya na kisanduku ni vya mwenye nyumba. Mpangaji naye asiongeze chombo kikubwa bila kumwarifu, wala asimsambazie jirani stima. Fundi anayeitwa aonyeshe leseni ya Mamlaka ya Kudhibiti Kawi na Petroli, EPRA. Anayekataa kuionyesha asiguse kisanduku.

Moto ukitokea, maji yasimwagwe kwenye stima. Swichi kuu izimwe ikiwa inafikika kwa usalama, watu watoke nje, kisha ipigwe 999 au 112. Hitilafu ya nguzo, nyaya za nje au mita iripotiwe Kenya Power kwa nambari 97771.

Jioni ya leo, kila mkazi akitazame kisanduku chake kwa dakika moja. Mwenye ploti naye aulize swali moja: katika nyumba zangu, kuna breka iliyobadilishwa kuwa kubwa huku waya ukibaki ule ule? Kama ipo, irekebishwe kabla ya kodi ya mwezi ujao kukusanywa.