Pamoja na Yatima Huja Kipande cha Chai



Katika kitabu cha Esta, mlango wa 2, twasoma habari za Mordekai, aliyemlea binti wa ami yake baada ya msichana yule kufiwa na wazazi. Hata Esta alipochukuliwa kwenda nyumba ya mfalme, mzee huyo hakuacha siku ipite asipofika karibu na ua kuulizia habari zake.

Huko Marekani palikuwa na mchungaji, Charles Loring Brace. Mwaka 1853 alianzisha chama cha kuwasaidia watoto wa mitaani wa New York, na katika kitabu chake cha mwaka 1872 alishikilia kwamba nyumba ya mkulima yamfaa yatima kuliko bweni kubwa. Watoto wa kwanza walipelekwa Michigan mwaka 1854. Walisimamishwa mbele ya watu, wakachaguliwa. Wako waliopata wazazi kweli. Wako waliopata jembe tu, na ndugu wa tumbo moja wakatenganishwa. Kuhusu nyumba, Brace alisema kweli. Kilichopungua ni mtu wa kwenda kutazama.

Hapa Kisii na Nyamira hatukuhitaji kitabu kutuambia kwamba yatima ni wa ukoo. Baba mdogo au nyanya humchukua kabla matanga hayajaisha, nasi twamshukuru Mungu. Lakini tuseme wazi: mashamba yetu ni madogo, na pamoja na mtoto huja kipande cha chai cha marehemu baba yake. Alfajiri mtoto wa nyumba anavaa sare. Yule mwingine anajitwika kikapu. Bonasi ikitoka, yalipa karo ya nani? Nasi tumewahi kumsifu mlezi wa namna hiyo mbele ya ushirika, bila kumwuliza mtoto neno lolote.

Sheria ya Watoto ya mwaka 2022 inatambua malezi ya kambo, yaani familia kumtunza mtoto asiye wao chini ya uangalizi wa serikali. Mkakati wa taifa wa 2022 hadi 2032 nao unataka watoto watoke katika makao, walelewe katika familia. Basi watakuja kwetu. Lakini afisa wa watoto hawezi kufika kila kilima.

Juma hili, mkienda kuwatembelea wagonjwa, piteni na katika nyumba zile. Msingoje alasiri, fikeni saa kumi na mbili asubuhi, wakati wa kuchuma. Mwamkueni mtoto kwa jina lake, mkampokee kikapu.