Nyumba ya Milioni 60, Deni la Milioni 200

Mada hii niliiwasilisha kwenye darasa la vijana wa jimbo. Viongozi wameomba iandikwe ili na waliokosa wasome. Nimeiacha karibu kama nilivyoisema.

 

Nimepewa dakika ishirini nizungumzie mikopo ya nyumba. Naona nyuso kule nyuma zinaniuliza: huyu dada vipi, sisi kodi ya chumba kimoja tunalipa kwa mbinde, yeye anatuletea habari za mikopo ya milioni sitini? Nawaelewa. Lakini humu ndani kuna walioajiriwa mwaka huu, na mnajua mchezo ulivyo. Mshahara wa tatu haujaingia, afisa mikopo ameshapata namba yako. Anakuja na kipeperushi, familia inacheka mbele ya nyumba ya bati jekundu. Anakwambia vitu viwili, utapewa kiasi gani na utakatwa kiasi gani kwa mwezi. Kitu cha tatu, yaani jumla ya utakachokuwa umelipa siku unakabidhiwa hati yako, hakisemi mpaka umuulize. Mimi nimekuja kwa ajili ya hicho cha tatu.

Haya, toeni simu, fungueni kalkuleta. Tuchukue mkopo wa Sh milioni 60, riba asilimia 16 kwa mwaka, miaka 20. Sijachagua riba ya kutisha makusudi. Kwa miaka kadhaa sasa taarifa za Benki Kuu kuhusu soko la mikopo ya nyumba zinaonyesha riba zikicheza kati ya asilimia 15 na 19, kwa hiyo 16 ni ya upande wa nafuu. Rejesho lake kwa mwezi ni Sh 834,753. Zidisha mara miezi 240.

Nani amepata? Sh 200,340,720. Umekopa milioni 60, umerudisha milioni 200. Umenunua nyumba moja, umelipia tatu na zaidi, na hizo nyingine hazina hata choo maana hazipo.

Sasa tuingie ndani kidogo, maana hapa ndipo watu wengi hawaangalii. Asilimia 16 kwa mwaka ukiigawa kwa miezi 12, halafu ukaipiga kwenye milioni 60, riba ya mwezi wa kwanza peke yake ni Sh 800,000. Wewe umelipa 834,753. Kilichopunguza deni ni Sh 34,753. Mifuko miwili ya saruji, basi. Mwezi wa pili deni limeshuka kidogo, riba nayo inashuka kidogo, kiasi kinachogusa deni kinaongezeka kidogo. Kidogo kweli kweli. Mwaka wa kwanza ukiisha umetoa zaidi ya milioni 10 na deni limepungua kwa kama laki nne na nusu. Miaka mitano ikiisha umetoa milioni 50, unadaiwa milioni 56 na laki nane. Miaka kumi: umetoa milioni 100, bado unadaiwa karibu milioni 50. Deni linafika nusu, yaani milioni 30, ukiwa unaelekea kumaliza mwaka wa 16. Mtoto uliyemzaa siku unasaini mkataba yuko sekondari.

Ndiyo maana mtu akishindwa mwaka wa sita anachanganyikiwa. "Nimelipa zaidi ya milioni hamsini, inakuwaje nadaiwa kama vile nimekopa juzi?" Hajaibiwa kwa maana ya sheria. Hesabu ndiyo inavyotembea, riba inachukua chake kwanza. Tatizo ni kwamba hakuna aliyemchorea jedwali hili kabla hajashika kalamu.

Kuna mwenzetu mmoja kaniambia pale nje, dada, usisahau shilingi ya miaka 20 ijayo itakuwa imeshuka thamani, na nyumba itakuwa imepanda bei. Hoja nzuri, na sitaki kuipita. Mfumuko wa bei kwetu miaka ya karibuni umekuwa kama asilimia 3. Ukiutoa kwenye 16 unabakiwa na 13 ambazo ni gharama halisi, na hizo ni nyingi mno. Nyumba kupanda bei ni kweli, hasa kama barabara ya lami imefika, ila faida hiyo ni ya mtu aliyedumu hadi mwisho. Na anayepanga naye anatupa hela, hilo silikatai. Dar unatakiwa kodi ya miezi sita au mwaka mzima mkononi, na miaka 20 ya kodi haikuachii hata ufunguo. Kwa hiyo sisemi msikope. Nasema kopa ukijua namba zote tatu.

Na ukizijua, kuna mambo unaweza kufanya. Milioni 60 ile ile, riba ile ile, kwa miaka 10 badala ya 20, rejesho ni Sh 1,005,078. Limeongezeka kwa laki moja na elfu sabini hivi kwa mwezi. Jumla inakuwa milioni 120 na ushee, badala ya 200. Au chukua ile ya miaka 20, lakini kila mwezi ongeza laki moja juu ya rejesho, na hakikisha imeandikwa kwamba inakwenda kupunguza deni lenyewe: unamaliza kwenye mwaka wa 13, na umeokoa zaidi ya milioni 60. Laki moja! Lakini kabla ya kushangilia soma mkataba, maana mingine inakutoza ukilipa mapema, na hicho ni kifungu cha kupigania kabla hujasaini. Tafuta pia kifungu cha kubadilisha riba. Riba ikitoka 16 kwenda 18 tangu mwanzo, rejesho linakuwa Sh 925,987 na jumla milioni 222. Asilimia mbili, watu wanazisema kama vile ni chenji ya daladala.

Halafu kuna ile riba inayopigwa kwenye mkopo wote kuanzia mwanzo hadi mwisho, hata kama umeshalipa nusu. Mnaikuta sana kwenye mikopo midogo ya kumalizia nyumba, kupaua, kuweka madirisha. Mtu anakopa milioni 10 kwa miaka mitatu, "asilimia 15 tu", anarudisha milioni 14 na nusu, anaona nafuu kuliko benki ya asilimia 18. Ukiipiga kwa hesabu ya salio linalopungua, hiyo 15 yake ni karibu asilimia 26. Muulize afisa: riba hii inahesabiwa kwenye salio au kwenye mkopo wa mwanzo? Akianza kuzunguka, umeshapata jibu.

Sasa siasa kidogo, maana hili ni darasa la chama. Kwa nini riba iko juu hivi? Watetezi wa serikali wanasema ni hofu ya benki kwamba wakopaji hawalipi, hati hazipo, viwanja vina migogoro. Kuna ukweli hapo. Lakini mwaka 2021 serikali yenyewe ilikuwa inauza hatifungani za miaka 25 kwa riba ya asilimia 15.95. Jiwekeni kwenye kiti cha mwenye benki. Unaweza kuikopesha Hazina kwa karibu asilimia 16, mdaiwa asiyekufa wala kufukuzwa kazi, huhitaji dalali wala mahakama. Kwa nini umkopeshe mwalimu wa Kigamboni kwa 12? Mwaka 2022 riba ya hatifungani hiyo ilishushwa hadi asilimia 12.56. Vizuri, lakini riba za nyumba hazikushuka kwa mwendo huo. Leo Benki Kuu inatangaza riba yake ya sera chini ya asilimia 6, na mkopaji wa nyumba anasikia habari hizo redioni kama habari za nchi nyingine.

Wazee watawakumbusha kwamba tulikuwa na Benki ya Nyumba, iliyoanzishwa mwaka 1972 na kufa mwaka 1995. Sitaililia sana, iliendeshwa vibaya na mikopo mingi haikurudi. Baadaye zikaja sheria ya mikopo ya rehani ya mwaka 2008 na taasisi ya TMRC ya kuzipa benki fedha za muda mrefu. Pamoja na hayo yote, mikopo ya nyumba haijafika hata asilimia 1 ya pato la taifa, katika nchi iliyohesabu watu zaidi ya milioni 61 mwaka 2022. Kima cha chini cha mshahara serikalini tangu Julai 2025 ni Sh 500,000. Rejesho letu la 834,753 linakimeza chote na kubaki na njaa. Ndiyo maana Watanzania wanajenga kwa tofali: mwaka huu msingi, mwaka kesho boma, bati Mungu akijalia. Watu wanawacheka, mimi nikiangalia hesabu nawaona wana akili.

Hapa sasa nawaomba kina dada mnisikilize vizuri, na kina kaka msikilize zaidi.

Mama yangu mdogo alisaini karatasi jikoni, mikono ina unga wa vitumbua. Baba mdogo alikuwa anaweka nyumba dhamana ili akuze duka, na aliambiwa mkewe awe "shahidi". Haikuwa karatasi ya ushahidi. Ilikuwa ridhaa ya mwenza. Kifungu cha 114 cha Sheria ya Ardhi kinasema rehani ya nyumba ya ndoa haina nguvu bila ridhaa hiyo, na Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 59, inamlinda mwenza vilevile. Yaani ile saini ndiyo ilikuwa mlango wa nyumba yake, na aliufungua huku anageuza vitumbua. Na marekebisho ya 2008 yaliongeza jambo: mkopaji akiapa kwa maandishi kwamba hana mwenza, benki inahesabiwa imetimiza wajibu wake. Akidanganya ni kosa la jinai, sawa. Lakini wewe utalala wapi wakati kesi inaendelea?

Baba mdogo aliugua, duka likalala. Ikaja notisi, kurasa mbili za Kiingereza. Mama mdogo akapanda daladala mbili kuniletea hosteli nimsomee. Ilikuwa notisi ya kifungu cha 127: siku 60, zikipita deni lote linadaiwa kwa mkupuo na nyumba inaweza kuuzwa. Lote, siyo marejesho matatu yaliyokosekana tu. Kati ya siku hizo 60 alikuwa ameshapoteza 19 kwa kuiweka notisi kabatini, maana aliona nembo akadhani ni risiti. Waliuza kiwanja cha Chanika, wakalipa, nyumba ikapona. Kiwanja kile kilikuwa cha watoto.

Na ikiuzwa? Kifungu cha 133 kinamtaka mkopeshaji apate bei nzuri kadiri inavyowezekana. Nyumba ikienda kwa bei iliyo chini ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inadhania amekiuka wajibu wake, na ni juu yake kuonyesha vinginevyo. Karirini hicho, kwa sababu minadani nyumba za watu zinatupwa. Lakini mkumbuke, mnunuzi aliyenunua kwa nia njema analindwa. Ukishinda utalipwa fidia, nyumba yenyewe hairudi. Na bei ya mnada isipotosha kulipa deni, salio linakufuata kwenye chumba cha kupanga.

Tudai nini? Mwaka 2021 sheria ilibadilishwa, Kiswahili kikawa lugha ya sheria na mahakama. Sasa mikataba ya mikopo inangoja nini? Benki Kuu ina kanuni za mwaka 2019 za kulinda watumiaji wa huduma za fedha. Tunataka ziguse ukurasa wa kwanza wa kila mkataba wa nyumba: jumla ya shilingi zitakazolipwa, iandikwe kwa maandishi makubwa kuliko jina la benki, na jedwali la mwezi kwa mwezi liambatane nalo. Ridhaa ya mwenza isainiwe mbele ya mtu asiye wa benki, aliyemsomea kwa lugha anayoielewa. Notisi ije kwa Kiswahili. Hakuna hata moja kati ya hayo linalohitaji bajeti, kwa hiyo wabunge wa chama tawala wasituambie hela hakuna. Kushusha riba yenyewe ni vita ndefu, na itaanzia kwenye namna serikali inavyokopa.

Dakika zangu zimeisha, mwenyekiti ananikonyeza. Jumamosi ijayo saa nne asubuhi, mimi na wenzangu wawili wa mwaka wa nne tutakaa ofisi ya kata. Mawakili bado, wanafunzi tu, lakini kusoma tunajua. Kama nyumbani kuna mkataba au notisi, ije siku hiyo hiyo. Mliooa mje na wake zenu. Na kalkuleta.