Nani Anayelipia Habari Zetu?

Hotuba iliyotolewa mbele ya wanaharakati wa mageuzi na waumini wa makanisa ya Kibera na Kawangware



Nimeombwa nizungumze juu ya hali ya vyombo vya habari nchini mwetu, na juu ya desturi zetu sisi wananchi katika kusoma, kusikiliza na kutazama. Ningeweza kuanzia katika maghorofa ya jijini yanakoandikwa magazeti. Nitaanzia kwa muuza magazeti wa kando ya barabara, kwa sababu huko ndiko wengi wetu tulikosomea siasa.

Wenye umri wangu mnakumbuka. Alfajiri, wanaume waliokuwa wakienda kutafuta kibarua cha mjengo waliinama juu ya magazeti yaliyotandazwa chini, wakasoma vichwa vya habari, wakaendelea na safari. Aliyekuwa na sarafu mbili tatu alimpa muuzaji, akalisoma gazeti zima papo hapo, akalirudisha likiwa limekunjwa vizuri ili lipate kuuzwa kwa mwenye kununua. Wenye magazeti waliuchukia sana mtindo huo, na walikuwa na haki ya kuuchukia, kwani uliwanyima mapato. Hata hivyo, nakala moja ilisomwa na watu kumi, na hao kumi hawakuondoka kimya. Walibishana. Mmoja alisema, "Huu ni uongo, nilikuwapo." Mwingine akasema, "Soma tena ile sehemu ya chini." Habari ilipitishwa kwenye tanuri la mabishano kabla haijafika nyumbani.

Wakati huo kulikuwa na uhaba wa habari, na uhaba huo ulitengenezwa kwa makusudi. Sauti ya Kenya, ambayo mwaka 1989 iligeuzwa jina na kuitwa KBC, ilikuwa redio pekee nchini, na taarifa yake ya habari ilianza kwa shughuli za Rais hata kama siku hiyo alipanda mti tu. Jarida la Beyond, lililochapishwa na Baraza la Kitaifa la Makanisa, lilipoeleza mwaka 1988 jinsi kura za mlolongo zilivyoibwa mchana kweupe, lilipigwa marufuku. Mhariri wake, Bedan Mbugua, alihukumiwa kifungo, na kosa lililosomwa mahakamani halikuwa kusema uongo. Lilikuwa kutowasilisha serikalini hesabu za mauzo ya jarida! Mwaka 1990 ikawa zamu ya Gitobu Imanyara na Nairobi Law Monthly. Mwaka 1992 Pius Nyamora na wenzake wa jarida la Society walikamatwa. Mwaka 1993 polisi walikivamia kiwanda cha uchapaji cha Fotoform, wakang'oa vipuri vya mtambo. Dola ilikuwa imetambua kwamba si lazima kumfunga mwandishi; yatosha kumfilisi mchapaji.

Katika giza hilo mimbari ilikuwa gazeti letu. Mchungaji Timothy Njoya alipohubiri siku ya Mwaka Mpya 1990 na kuuliza ikiwa Afrika haipaswi kufuata mageuzi ya Ulaya Mashariki, mahubiri yale yalitembea kwa miguu kutoka Kanisa la St. Andrew's hadi Laini Saba. Maaskofu wa Katoliki walipoandika barua mwaka 1992 juu ya mapigano ya Bonde la Ufa, haikuhitaji kununuliwa, ilisomwa kanisani. Wala jambo hili halikuanza miaka hiyo. Makanisa yalikuwa na magazeti yao tangu 1964, Target kwa Kiingereza na Lengo kwa Kiswahili, na Henry Okullu, kabla hajawa askofu, aliihariri Target. Nasema haya kwa majonzi kidogo. Leo tunazo kamati za ujenzi, kamati za kwaya na kamati za harusi, lakini ni parokia ngapi zilizo na kamati ya habari?

Sasa tutazame tulipofika. Kifungu cha 2A kilifutwa Desemba 1991. Mawimbi ya redio yalifunguliwa polepole, na kuanzia mwaka 2000 redio za lugha zetu za nyumbani zikaanza kuchipuka, Kameme ikiwa miongoni mwa za kwanza. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 34, inalinda uhuru wa vyombo vya habari na kuviagiza vile vya serikali visiegemee upande wowote. Haya ni matunda ya damu, na asitokee mtu wa kuyabeza.

Lakini fungueni masikio yenu mkipita Kawangware jioni moja, kutoka 46 hadi Congo. Nyumba hii inasikiliza Inooro. Ya pili Mulembe. Ya tatu Ramogi. Kuta ni za mabati, kwa hiyo kila mmoja anaisikia redio ya jirani, ila hafahamu inachosema. Nami sina ugomvi na lugha ya mama. Mzee aliyenyimwa habari kwa miaka thelathini kwa sababu hakujua Kiingereza amepata haki yake. Ajabu ni kwamba redio hizo tatu zina mwenyewe mmoja, kampuni ya Royal Media. Kundi la Standard limehusishwa kwa miaka mingi na familia ya Rais wa pili, na Mediamax na familia ya Rais wa nne. Masikio yetu yametenganishwa kwa kabila, ilhali milango ya wenye mali ni michache. Na tuliona mwisho wa njia hiyo. Baada ya uchaguzi wa 2007, tume iliyoongozwa na Jaji Waki ilizitaja baadhi ya redio za lugha za kienyeji kuwa zilichochea chuki, na mtangazaji mmoja, Joshua Sang wa Kass FM, alishtakiwa The Hague, kesi iliyokatizwa Aprili 2016.

Wala msidhani kwamba mkono wa dola umenyauka. Desemba 2007 serikali ilipiga marufuku matangazo ya moja kwa moja. Machi 2006 ilikuwa imekwisha kuvamia ofisi za Standard na kuyatia moto magazeti. Januari 30, 2018, Citizen, NTV na KTN zilizimwa kwa sababu ya kiapo cha Raila Odinga katika bustani ya Uhuru, na hata mahakama ilipoamuru zifunguliwe, amri ilikaa siku kadhaa bila kutiiwa. Juni 25, 2025, vijana walipowakumbuka wenzao waliouawa mwaka mmoja kabla, mitambo ilizimwa tena hadi mahakama ilipoingilia kati. Siku hiyo ndani ya Kibera palikuwa na matabaka mawili: aliyekuwa na bando alitazama yaliyokuwa yakitendeka mjini, na asiyekuwa nalo alikaa mbele ya kioo cheusi.

Nafika hapo penye kiini cha hotuba yangu. Gazeti leo ni anasa. Mama mwenye watoto watatu hawezi kulichagua akaacha sukari. Simu imechukua nafasi yake. Kijana wa Gatwekera hupata habari zake TikTok, Facebook na katika makundi ya WhatsApp. Humo hutumiwa hata gazeti zima, limepigwa picha ukurasa kwa ukurasa, nalo halijamletea mwandishi hata senti. Mnaweza kusema huyu ni yule yule msomaji wa kando ya barabara aliyesoma bila kununua. Hapana, ndugu zangu. Yule wa zamani alisoma akiwa amezungukwa na watu waliomsahihisha. Huyu wa leo husoma peke yake kitandani, saa tano za usiku, na aliyemtumia habari hamjui.

Nilishuhudia madhara yake Oktoba 2017, ghasia zilipozuka Kawangware baada ya uchaguzi wa marudio. Nililetewa kwenye simu picha ya nyumba zinazoteketea, ikisemekana ni Congo usiku ule ule. Niliisambaza kwa watu wawili kabla ya kuuliza. Baadaye kijana wangu alinionyesha kwamba picha ile ilikuwa ya miaka kumi nyuma, tena ya mji mwingine. Mimi, ninayesimama mbele yenu kuwafundisha! Wale watu wawili waliisambaza kwa wangapi, sitajua kamwe.

Na ikiwa msomaji halipi, je, analipa nani? Analipa mwenye matangazo ya biashara, na mkubwa kati yao ni serikali yenyewe, ambayo kwa miaka mingi imedaiwa na vyombo vya habari malimbikizo ya fedha za matangazo. Mwenye deni kubwa namna hiyo hahitaji kutuma polisi; akitaka habari fulani ipunguzwe makali, humkumbusha mhariri juu ya hundi ambayo bado haijatiwa saini. Machi 2024 wizara na mashirika ya umma yaliagizwa kupeleka matangazo yao ya redio na televisheni KBC, na suala hilo likafikishwa mahakamani. Mwaka 2002 njia ilikuwa nyingine: dhamana ya kuchapisha gazeti ilipandishwa kutoka shilingi 10,000 hadi shilingi milioni 1, ili wachapishaji wadogo wa mitaani wafe kimya kimya. Mtaona kwamba tangu Fotoform mbinu ni ile ile. Pesa.

Gharama ya jambo hili kwetu ni kwamba tunakuwa habari siku matairi yanapochomwa. Kamera huja Olympic, hutupiga picha tukikimbia moshi, huondoka. Maji yanapokatwa Silanga kwa wiki mbili, hakuna gari la televisheni linaloshuka, kwa sababu hakuna mwenye biashara anayelipa ili hadithi ya mitungi mitupu itazamwe. Mtangazaji wa taarifa ya saa moja hutuita "wakazi wa mtaa wa mabanda", kana kwamba mabanda ndiyo majina yetu.

Walakini tunazo redio zetu. Pamoja FM ilianza hapa Kibera mwaka 2007, miezi michache kabla ya uchaguzi ule, na mtaa ulipowaka moto ilitumia sauti yake kuwasihi vijana waache kisasi. Kule Kawangware ipo Mtaani Radio. Zote mbili, pamoja na Koch FM ya Korogocho, zimewekwa kwenye masafa yale yale, 99.9, kwa mitambo yenye nguvu ndogo ili zisigongane. Ukipanda matatu kutoka Kibera, kabla hujafika mbali sauti inakwaruza na kupotea. Kanuni za mwaka 2009 zinazitaka redio za jamii zipokee matangazo yanayoihusu jamii ya eneo lake, nasi tunajua biashara ya eneo letu: ni kinyozi, ni mama mboga, ni fundi wa viatu wa soko la Toi. Kwa hiyo kodi ya nyumba na umeme wa redio hizi vimetegemea sana wafadhili wa ng'ambo na moyo wa kujitolea wa vijana wasio na mshahara.

Sasa wafadhili hao wanaondoka. Mwaka 2025 Marekani ilikata misaada yake ya nje, na Machi mwaka huo huo ikainyamazisha hata Sauti ya Amerika, idhaa yake yenyewe, ambayo wazee wetu waliisikiliza kwa siri pamoja na BBC na Sauti ya Ujerumani pale KBC ilipoficha ukweli. Anayefikiri kwamba mgeni atatulipia habari milele na aitafakari tarehe hiyo.

Ombi langu kwenu ni la mfukoni, nalo nalitoa bila haya. Novemba 2024 Askofu Mkuu Philip Anyolo aliagiza michango iliyotolewa na Rais na wanasiasa wengine katika kanisa la Soweto irudishwe. (Ile ni Soweto ya upande wa Embakasi, si hii yetu.) Ikiwa kanisa linaweza kurudisha fedha zenye kamba, basi linaweza pia kutoa fedha zisizo na kamba. Naomba kila kanisa lililowakilishwa hapa litenge sadaka ya Jumapili moja kila baada ya miezi mitatu kwa ajili ya redio ya mtaa wake, na redio hiyo nayo iwasomee wasikilizaji hewani hesabu ya kila senti. Isipotaka kusoma hesabu, msiipe. Sisemi kwamba redio zetu ni za malaika. Nimewahi kumsikia mtangazaji wa mtaani akimsifu mgombea udiwani kwa saa nzima, na sote tulijua chai iliyonyweka.

Jambo la pili ni kuyarudisha yale mabishano. Baada ya ibada, watu kumi wakae, wasikilize taarifa moja ya habari, waulize: nani amesema, nani hakuulizwa, nani amelipa? Wenzetu wa Bunge la Mwananchi pale bustani ya Jeevanjee wamefanya hivyo tangu miaka ya tisini bila kipaza sauti. Uchaguzi wa 2027 usitukute kila mtu na simu yake chini ya blanketi.

Mzee wa kanisa ameniashiria kwamba muda umekwisha, na mkono wa yule mama aliye karibu na mlango umekuwa juu tangu nilipotaja sadaka. Karibu, mama, uliza. Nadhani unataka kujua ni nani atakayezishika hizo fedha.