Kulevywa na Bahari katika Sinema
(Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama, Chake Chake)



Nimetakiwa niseme machache juu ya picha za sinema za zamani zisizo na sauti. Nimechagua moja tu, maana sisi watu wa Pemba twaijua habari yake matumboni mwetu: "The Immigrant" ya Charlie Chaplin, iliyotolewa Marekani mwaka 1917.

Stima yawachukua maskini kwenda New York, na bahari imechafuka. Chaplin ameinama ukingoni, ametupa mgongo, mabega yamtikisika, miguu yamruka. Kila mtazamaji amekwisha kumhurumia kwa kigegezi. Mara ageuka: kumbe alikuwa akivua, na samaki huyo mkononi! Kisha chumba cha kulia. Sahani moja ya mchuzi yateleza mezani kwa mrama wa chombo. Huyu ateka kijiko kimoja, meli yalala upande wa pili, na mwenziwe ateka chake. Hapasemwi neno. Aliyekwisha kuvuka Nungwi wakati wa kusi hahitaji mkalimani.

Ni nani basi anayechekwa? Karani mwenye kanzu ya pasi na mchukuzi wa karafuu, bahari huwalaza ubavu mmoja (na wa kwanza kulala, mara nyingi, ni yule aliyewafundisha wenziwe bandarini namna ya kunyonya ndimu). Kicheko hicho hakimtwezi mtu, kwani kila mmoja acheka tumbo lake mwenyewe. Lakini tangu Spice Islander ilipozama tarehe 10 Septemba 2011 ikija kwetu, wako wasioweza kuucheka mrama wowote, nami siwalaumu.

Chaplin hakukomea hapo. Meli ifikapo mbele ya Sanamu ya Uhuru, maofisa wawazungushia abiria kamba kama ng'ombe zizini, naye ampiga ofisa mmoja teke la makalio. Hapo taabu haitoki tena baharini. Yatoka kwa mwenye amri. Wengine na wacheke tu. Sisi watumishi wa Serikali yatupasa kulitazama teke lile mara mbili, maana sisi ndio tushikao kamba.

Nusu ya pili ni ya mkahawani: Chaplin aagiza maharage, na sarafu yake imekwisha kudondoka kwa tundu la mfuko. Hiyo sina haja ya kuwaeleza makarani tarehe 28 ya mwezi.