Damu ya Mtoto Yapelekwa Wapi? Habari za Profesa Muyembe

 

Swali ninaloulizwa sana kliniki ni hili: "Sista, hiyo damu ya mtoto mwaipeleka wapi?" Mwingine haulizi, lakini namwona anavyomkumbatia mwanawe kifuani. Sisi watu wa pwani tumelelewa na hadithi za mumiani, na woga huo hauondoki kwa kukemewa. Kwa hivyo leo nawaletea habari za mtu ambaye kazi yake kubwa ilianza na chupa ndogo za damu. Ni Profesa Jean-Jacques Muyembe wa Kongo, mtaalamu wa virusi. Virusi ni vijidudu vidogo mno, havionekani kwa darubini ya kawaida ya maabara zetu, na dawa za kuua bakteria haziviui. Ndiyo maana mafua ya mtoto hayatibiwi kwa vidonge vya rangi mbili unavyouziwa dukani.

Muyembe alizaliwa mwaka 1942 katika eneo la Bandundu, mtoto wa wakulima. Alisomea udaktari Chuo Kikuu cha Lovanium, Kinshasa, akamaliza 1969. Kisha akaenda Chuo Kikuu cha Leuven, Ubelgiji, na mwaka 1973 akapata shahada ya uzamivu katika elimu ya virusi. Baada ya hapo alirudi kwao, na mimi namheshimu kwa hilo kuliko kwa shahada yenyewe.

Mwaka 1976 alitumwa Yambuku, kaskazini mwa nchi, ambako watu walikuwa wakifa kwa homa isiyojulikana. Ilidhaniwa ni homa ya matumbo au homa ya manjano. Alitoa damu kwa wagonjwa kwa mikono mitupu, maana glavu hazikuwepo. Akaona ajabu: akichomoa sindano, damu haikomi pale alipochoma. Vidole vikalowa damu, akanawa kwa maji na sabuni. Hakuugua. Bahati ilikuwepo, lakini na sabuni ilifanya kazi yake.

Alirudi Kinshasa na mtawa mmoja aliyekuwa mgonjwa. Mtawa yule akafariki, na damu yake ikapelekwa Antwerp, Ubelgiji, ndani ya chupa ya chai. Naam, chupa kama hii tunayowekea chai ya jioni. Huko, chini ya darubini kubwa, kilionekana kirusi kirefu kama mnyoo. Kikapewa jina la mto Ebola.

Hapa nataka mnisikilize vizuri. Watu 318 waliugua, 280 wakafa. Wengi walioambukizwa walikuwa wamedungwa sindano katika hospitali ya misheni, na miongoni mwao walikuwamo mama waja wazito waliokuja kliniki kama mnavyokuja ninyi. Sindano zilikuwa chache, zikisuuzwa na kutumiwa tena kwa mtu mwingine. Kwa hivyo, mama, ukidungwa wewe au mwanao, taka kuona sindano ikifunguliwa kutoka kwenye karatasi yake. Hujamkosea nesi adabu. Nesi anayejua kazi yake hufungua mbele yako bila kuambiwa.

Mwaka 1995 Ebola ikatokea mji wa Kikwit. Muyembe na wenzake wakafikiri: aliyepona ana kinga ndani ya damu yake, kwa nini tusimpe mgonjwa? Wakawaongezea wagonjwa 8 damu ya waliopona, na 7 kati yao wakaishi. Wataalamu wa nje hawakuridhika, wakasema wanane ni wachache, pengine wangepona wenyewe. Hoja ile ilikuwa na haki, lakini Muyembe hakuiacha fikra yake. Mwaka 1998 alipewa kuongoza taasisi ya taifa ya utafiti wa tiba mjini Kinshasa, INRB. Miaka 11 baada ya Kikwit, mmoja wa waliopona akatoa damu, na kutokana na kinga iliyokuwamo, wataalamu wa Kongo na Marekani wakatengeneza dawa iitwayo mAb114.

Ikajaribiwa Kongo mashariki, Kivu Kaskazini na Ituri, ambako watu wanazungumza Kiswahili kama sisi. Mlipuko wa 2018 hadi 2020 uliwapata watu 3,470, wakafa 2,287. Zaidi ya nusu ya waliougua walikuwa wanawake, maana ni nani anayeuguza na kufua matapishi nyumbani? Uvumi ulikuwa ule ule wetu, kwamba madaktari wanauza damu, na vituo vya matibabu vikachomwa moto. Julai 2019 Muyembe alipewa kuongoza mapambano yote. Mwezi uliofuata ikajulikana kuwa dawa ile na nyingine moja zinaokoa. Waliofika mapema, virusi vikiwa bado vichache mwilini, karibu 9 kati ya 10 walipona. Na wanawake waliopona, kwa kuwa sasa wana kinga, walishika kazi ya kulea watoto wachanga ambao mama zao wamelazwa.

Sasa nijibu swali lenu. Mtoto wa Magogoni mwenye homa, mara nyingi tunatafuta malaria, na tone moja la kidoleni latosha. Ikihitajika zaidi, uliza: ni kipimo gani, mtachukua kiasi gani, majibu nije lini? Na kama ni utafiti, lazima uelezwe na uombwe ridhaa. Waweza kukataa, na mwanao atatibiwa vile vile.

Kipindi kijacho tutazungumza juu ya chanjo ya surua. Njooni na vile vitabu vya kliniki, tutavisoma pamoja.